Sentensi Moja Aliyoidai Mwalimu Tabea

Wasifu huu umezidi urefu uliozoeleka, na familia haiombi radhi. Jumamosi iliyopita, akina mama wakiwa jikoni na vijana wakichimba kaburi, gari la Mradi wa Mbegu Teule lilifika hapa nyumbani likashusha shada kubwa la maua na karatasi yenye aya moja iliyokwisha kuchapwa. Waliomba aya hiyo iingizwe humu. Ilisema kwamba marehemu "alikuwa mshiriki mwaminifu wa mradi na aliyapokea matokeo yake kwa furaha." Shada tumelipokea, maua hayana kosa. Aya tumeirudisha garini mwao. Mwalimu Tabea Elieza Sumari hakuyapokea matokeo hayo kwa furaha hata siku moja, na asitokee mtu wa kudhani kwamba kwa kuwa amenyamaza sasa, atasemewa.

Anayesoma ni mdogo wake wa mwisho, Gadiel, ambaye pia ni mwenyekiti wa kikundi chetu cha wakulima hapa Maji ya Chai juu. Waombolezaji wakumbuke cheo hicho, kwani ndicho kilichomtesa dada yake miaka miwili ya mwisho.

Mwalimu Tabea alizaliwa kijijini Akheri tarehe 9 Machi 1956, mtoto wa pili kati ya watoto sita wa marehemu mzee Elieza Sumari na marehemu mama Nalepo, binti wa Kiarusha aliyeolewa kutoka upande wa Olmotonyi. Alibatizwa mwaka huohuo. Nyumba ile ilizungumza Kimeru siku zote, Kimaa mama alipokasirika, na Kiswahili wageni walipofika. Akiwa na miaka saba alimwuliza baba yake kwa nini kuku mweusi ameangua vifaranga wa rangi tatu. Mzee Elieza akajibu kuwa Mungu amependa. "Amependa," akasema Tabea, "lakini amefuata njia gani?" Mzee alicheka mpaka kahawa ikamwagika, kisha akamtuma kuni, kwa sababu swali lilikuwa limemshinda. Tangu hapo, mtu akimjibu Tabea kuwa "ndivyo ilivyo," alijua anafichwa kitu, au anajibiwa na mvivu.

Alisoma Shule ya Msingi Akheri kuanzia 1964 hadi 1970, akachaguliwa kwenda sekondari ya wasichana Weruweru, Moshi, kisha akamaliza kidato cha tano na cha sita hukohuko mkoani Kilimanjaro mwaka 1976. Baada ya Jeshi la Kujenga Taifa, ambako alijifunza kulenga shabaha na kuuchukia uji usio na sukari, aliingia Chuo cha Ualimu Marangu na kuhitimu stashahada, masomo ya Biolojia na Kemia, mwaka 1980.

Januari 1981 aliripoti katika sekondari moja ya mjini Arusha. Alipanga chumba Kaloleni, karibu kabisa na uwanja wa mpira, na siku za mechi alisahihisha madaftari akiwa ameziba masikio kwa pamba. Aliipenda Arusha ya wakati ule, baridi yake na mahindi ya kuchoma, lakini zaidi aliupenda ubao. Alifundisha miaka thelathini na mitano bila kuomba cheo. Alistaafu tarehe 9 Machi 2016, siku aliyotimiza miaka sitini, na kesho yake asubuhi alivaa viatu vya shule kwa mazoea akafika mpaka barabarani.

Wanafunzi wake, na hapa msibani wapo wengi, hawawezi kusahau kipindi cha mageuko. Mageuko ni elimu ya jinsi viumbe wanavyobadilika kizazi baada ya kizazi, na uteuzi wa asili ni ule mchujo usio na mchujaji: anayefaa mahali alipo huacha watoto wengi, asiyefaa huacha wachache. Mwalimu hakuanza na kitabu. Alimwaga maharage ya rangi mbalimbali kwenye nyasi za uwanja, akawaambia wanafunzi, "Nyinyi ni kunguru, mna njaa. Anza!" Baada ya dakika moja walihesabu. Meupe na mekundu yalikuwa yamekwisha, yale yenye rangi ya majani yamebaki kwa sababu yalijificha. Mwaka 2009 mwanafunzi mmoja aliyeitwa Lesian, kijana wa Olmotonyi mwenye mdomo mwepesi, alinyoosha mkono.

"Mwalimu, kwa hiyo hapa wewe ndiye asili?"

Darasa likacheka, na Mwalimu naye akacheka. "Hapana. Hapa mimi ni Mwalimu. Nimechagua uwanja, nimechagua rangi, nimesema anza. Hili ni igizo, Lesian. Porini hakuna anayesema anza."

Wapo waliomwona mtu wa hatari kwa somo hilo. Mwinjilisti mmoja, sasa marehemu, alimsimamisha nje ya kanisa akamwuliza kama ni kweli anawafundisha watoto wa Kilutheri kwamba babu zao walikuwa nyani. Mwalimu alimjibu kwa heshima zote: "Mwinjilisti, mimi nafundisha jinsi viumbe wanavyobadilika. Nani aliyevianzisha vyote, hilo ni somo lako, na kipindi chako ni Jumapili." Aliimba kwaya miaka ishirini na sita, sauti ya pili, na wala hakuona vitu hivyo viwili vikigombana.

Alifunga ndoa takatifu na marehemu Abdiel Nnko siku ya Jumamosi, tarehe 18 Desemba 1982. Abdiel alikuwa mtunza vitalu katika chuo cha misitu Olmotonyi, mtu mpole mwenye udongo kwenye kucha hata siku ya harusi. Alipokuwa akimchumbia hakuleta maua. Alileta miche, na Tabea kabla ya kusema asante aliuliza mbegu zimetoka wapi. Abdiel alisema alijua hapohapo kwamba amepata mke na mkaguzi kwa mpigo. Mwaka 1991 walihamia hapa Maji ya Chai juu, wakapanda kahawa, migomba na maharage chini yake, wakajaliwa watoto watatu. Abdiel alitangulia mbele ya haki tarehe 3 Juni 2011.

Hayo ndiyo maisha ya Mwalimu, na kila mtu angependa tuishie hapo. Lakini mwenyewe hakuishia hapo, nasi hatutaishia.

Februari 2022 Mradi wa Mbegu Teule ulifika kijijini. Kazi yao ilielezwa hivi: kila kaya ilete kilo moja ya mbegu yake ya maharage, mbegu zipandwe kwenye shamba la mradi, zipimwe, kisha vipimo viingizwe kwenye algorithimu, yaani orodha ya hatua ambazo kompyuta huzifuata bila kuchoka. Ndani ya mashine mbegu zingezaliana kwa hesabu tu. Programu inachukua mbili, inachanganya sifa zao, inabadilisha kidogo, inatoa alama, zenye alama ndogo inazitupa, na zilizobaki zinazaliana tena. Vizazi elfu kumi vinapita kabla ya chakula cha mchana. Mtu aliyeiandika programu hiyo alikuwa yuleyule Lesian, sasa mhandisi wa kompyuta mwenye miwani na shati la kuchomekea.

Sasa tuseme ukweli wa nyumba zetu. Sisi mgeni akiomba kitu hapewi cha juu ya kapu. Siku ile akina mama wa kijiji kizima walikaa barazani na nyungo zao wakachagua harage moja moja, makubwa, mekundu, yanayong'aa. Yale madogo meusi yaliyokunjamana, ambayo hapa tunayaita bakinyumbani kwa kuwa hayaendi sokoni wala hayapikiwi wageni, yalibaki vibuyuni na majivu yake kama kawaida. Nani angempelekea mgeni mwenye gari bakinyumbani? Ingekuwa aibu ya ukoo. Na Mwalimu Tabea, pamoja na biolojia yake yote, alikaa barazani kwake akachagua vilevile. Alilisema hili mwenyewe baadaye, kila mahali, bila kulazimishwa na mtu.

Ripoti ilitoka Septemba 2023. Ilitaja mbegu saba zilizofaulu. Kisha mtaalamu mmoja pale ofisini alichukua orodha ya zamani ya maharage ya mlimani, iliyoandikwa na bwana shamba mwaka 1987, akayatafuta majina hayo kwenye kompyuta. Kumi na moja hayakuonekana. Hakuja kuuliza, ingawa barabara ipo na simu ipo. Aliyaandikia yote sentensi moja: "Zimetoweka kwa uteuzi wa asili." Bakinyumbani ilikuwa ya nne kwenye orodha hiyo. Mwalimu aliisoma sentensi akiwa mezani, mbele yake bakuli la makande ya bakinyumbani. Aliinua kijiko akakitazama.

"Kwa hiyo mimi nakula mzimu," alisema.

Ingekuwa kichekesho tu kama isingekuwa na matokeo. Mradi ulitaka kikundi kisaini kwamba kimeikubali ripoti, na kwamba mbegu yoyote nje ya zile saba haitapandwa kwenye mashamba ya wanachama wala kuhifadhiwa kwenye ghala letu. Waliosaini wangejengewa tangi la maji. Tarehe 2 Oktoba 2023 mwenyekiti Gadiel Sumari alisaini. Mbegu za zamani zilizokuwa ghalani zilichemshwa siku ya sherehe ya kusaini, tukazila, tukashiba, na wimbo ukaimbwa.

Mwalimu hakumtukana Lesian, kama baadhi yetu tulivyotarajia. Alimwita. Kijana alikuja Jumamosi, akaegesha pikipiki, akaingia ameinamisha kichwa.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Kaa, kahawa hiyo. Hebu nieleze kompyuta yako inavyozaa."

Walibishana Jumamosi ile na tano nyingine zilizofuata, na Gadiel aliyasikia mengi kwa sababu shamba lake limepakana na baraza hilo. Lesian alisema kwamba ni kitu kilekile. Kuna kurithi, kuna kubadilika, kuna mchujo. Asili inafanya kwa udongo na damu, kompyuta inafanya kwa namba. Akasema wapo wasomi wanaoamini kwamba hata uhai wenyewe ni algorithimu tu, imepigwa chapa kwenye nyama.

"Na wapo wanaokataa?"

"Wapo, Mwalimu. Wanabishana mpaka leo."

"Wabishane, mimi napenda ugomvi wa watu waliosoma. Kurithi nakubali. Kubadilika nakubali. Hapo umenifunga mbili bila. Sasa tuje kwenye mchujo. Alama nani aliweka?"

"Alama?"

"Alama, Lesian. Harage linapata kumi au sifuri kwa kitu gani?"

Lesian alikoroga kahawa ambayo haikuwa na sukari. "Kilo kwa ekari. Na rangi inayopendwa sokoni."

"Ukame je?"

"Shamba la mradi lina umwagiliaji, Mwalimu."

"Na hayo ya kilo na rangi ulipewa na nani?"

"Nilipewa ofisini."

"Basi huyo mnayemwita asili ana ofisi, ana meza, na bila shaka ana mhuri."

Kijana alijitetea, na alijitetea vizuri, maana Mwalimu hakumfundisha kukubali haraka. Alisema hata wafugaji wa kwao Olmotonyi huchagua dume la kupanda na mengine huyahasi au kuyachinja, na kundi hubadilika, na hakuna anayelalamika.

"Kweli kabisa," alisema Mwalimu. "Mama yangu alitoka huko, nayajua. Lakini mfugaji akichinja dume hasemi asili imelichinja. Anasema, nimelichinja mimi. Hiyo ndiyo tofauti, na ni hiyo tu ninayoitaka iandikwe. Mashine yako ni nzuri. Siichukii. Ninachokichukia ni mtu anayeshika kisu halafu anaonyesha mikono mitupu."

Kisha akamwambia habari ya nyungo, kwamba mchujo wa kwanza haukufanywa na programu wala na asili, ulifanywa na adabu ya wenye nyumba, naye mwenyewe akiwemo. Lesian aliweka kikombe chini. Hakuwa amejua. Hakuna aliyekuwa amemwuliza mama yeyote amechagua vipi. Jumatatu yake alipeleka maelezo ofisini akiomba sentensi ile irekebishwe. Akajibiwa kwamba ripoti imekwisha kuchapwa.

Tunataja hili kwa sababu jana kuna vijana walitaka Lesian asikanyage msibani. Amekanyaga, ameketi mstari wa tatu, na asiguswe. Mwalimu alimpenda kama anavyopendwa mtu anayebishana kwa haki.

Mvua za vuli mwaka 2024 zilinyesha hapa kwetu wiki mbili zikakata. Tangi lilikuwa limejengwa, ndiyo, zuri sana, na ndani yake hamkuwa na tone. Zile mbegu saba zilitoa maua mazuri zikakauka na maua yake. Waliotii maagizo hawakuvuna hata cha kurudishia mbegu, na waliotii walikuwa karibu wote. Mwalimu alikuwa na vibuyu viwili vya bakinyumbani alivyokataa kuvitoa ghalani kwake, akagawa kikombe kimoja kimoja kwa nyumba kumi na nne, wapande wakati wa masika. Tusipambe hadithi: havikutosha. Jirani yetu Anna, mjane mwenye watoto wanne, alipata kikombe chake, lakini miezi ile ya kungoja alikuwa amekwisha kuuza ng'ombe wake wa pekee ili wanawe wale.

Februari 2025 meneja wa mradi aliitisha mkutano kwenye ukumbi wa usharika. Tulidhani anakuja kutupa pole. Alikuja na picha za ukutani. Alisema, na ukumbi mzima ni shahidi, kwamba katika mageuko asiyeweza kuendana na mazingira huondoka, na hata wakulima ni hivyohivyo. Watakaoshindwa watachujwa, ndiyo kanuni ya asili, mtu asimchukie mtu. Alilisema hilo Anna akiwa amekaa benchi la mbele.

Mwalimu Tabea alisimama. Alikuwa na miaka sitini na nane na fimbo mkononi.

"Bwana Meneja, somo hilo nimelifundisha miaka thelathini na mitano, na hujalielewa hata robo. Asili haiitishi mkutano. Haichapi ripoti. Haiwezi kumwambia mama huyu kwamba anastahili kukosa. Hapa kuna watu waliosema panda hiki, tupa kile. Watu hao wana majina. Wewe unalo, mimi ninalo, kwa maana hata mimi nilichagua maharage ya kukupendeza. Siombi fidia, siombi mtu afukuzwe. Naomba ile sentensi ifutwe, iandikwe kwamba mbegu hizi hazikutoweka, hazikuletwa wala hazikupimwa, na waliozichuja ni watu."

Meneja alitabasamu. "Mama, teknolojia hii ni ngumu kidogo kwa umri wako. Na asiyekubali kushindwa si mshindani."

Wapo waliocheka. Mwenyekiti aliyekuwa akiongoza mkutano, mdogo wake wa tumbo moja, alisema kwa sauti, "Dada, kaa chini tuendelee na ajenda."

Alikaa. Gadiel alimwona akiishika fimbo kwa mikono miwili, na tangu siku hiyo hakuna aliyemsikia akiimba.

Kwa nini sentensi moja? Watu walimwuliza hivyo sokoni, wakimwonea huruma, wengine wakimwona anatafuta ugomvi uzeeni. Alikuwa na jibu. Alisema kilichokufa kwa ukame utakipanda tena ukikipata. Lakini kikiandikwa kwamba asili imekikataa, hakuna mtoto wa shule atakayekitafuta. Na alisema ni vibaya kumwacha mtu maskini aamini kwamba ulimwengu wenyewe umemhukumu, wakati aliyemhukumu amepaki gari nje. Aliandika barua saba kwenda ofisi ya mradi, kwa mkono, mwandiko ule wa ubaoni. Ilijibiwa moja, nayo ilimshukuru kwa maoni yake.

Kwa mdogo wake hakuandika. Alimwendea kwa miguu. Alimweleza kwamba mradi unasimama juu ya saini ya kikundi. Mwenyekiti akiifuta, watalazimika kurekebisha au angalau kueleza.

"Gadi, sikuombi uwe shujaa. Nakuomba useme lililo kweli."

"Dada, wakubwa wameshapitisha. Nikifuta, watakuja kung'oa hata tangi."

"Tangi halina maji."

"Litapata."

Alimwendea mara tatu mwaka huu. Mara ya tatu ilikuwa Julai, akipumzika njiani mara nne katika mwendo ambao zamani aliukata akiwa na ndoo kichwani.

Moyo wake ulikuwa umeanza kuchoka tangu Mei. Madaktari walisema umepanuka, wakampa dawa na kumkataza chumvi na hasira. Chumvi aliiacha. Tarehe 2 Novemba 2025 alizidiwa, akalazwa hospitali ya rufaa, ambako wauguzi wawili waligundua kuwa aliwafundisha wakawa wanagombania kumpima presha. Familia inawashukuru sana kwa upendo wao.

Jumatatu tarehe 10 Novemba Gadiel alikwenda kumwona. Alimpelekea mtori. Mwalimu alikunywa vijiko vitatu, akasukuma bakuli, akauliza, "Umeshaifuta?"

Gadiel akasema, "Tutaona, dada. Upone kwanza."

Mwalimu alimtazama kama alivyomtazama mwanafunzi aliyejua jibu na kukaa nalo. Kisha akamwuliza kama mvua imenyesha, akageukia ukutani.

Mwalimu Tabea Elieza Sumari alifariki dunia siku ya Alhamisi, tarehe 13 Novemba 2025, saa nne asubuhi, binti yake akiwa amemshika mkono. Wapo waliokuja kutupa pole wakasema ni umri tu, miaka sitini na tisa, ndiyo asili. Tunawashukuru kwa kufika. Maneno hayo hatuyataki.

Ameacha watoto watatu, Rachel, Calvin na Frederick, wakwe wawili, wajukuu saba, na ndugu zake Aminiel na Gadiel. Ameacha wanafunzi ambao hakuna daftari linaloweza kuwahesabu, mmoja wao akiwa mstari wa tatu. Ameacha barua saba.

Mbele ya jeneza hili na mbele ya usharika huu, mwenyekiti wa kikundi cha wakulima anatamka kwamba saini yake ya tarehe 2 Oktoba 2023 ameifuta. Barua ilipelekwa jana asubuhi kwenye ofisi ya mradi, nakala kwa afisa kilimo wa kata, na nakala nyingine imebandikwa kwenye mlango wa ghala. Wakitaka tangi, waje na magari walichukue. Sentensi aliyoidai Mwalimu imechapwa kwenye ratiba hii ili kila aliyekuja aende nayo nyumbani, nayo inasomeka hivi: "Mbegu hizi kumi na moja hazikutoweka. Hazikuletwa, hazikupimwa, na waliozichuja ni watu."

Kuisoma kumechukua pumzi moja. Ingeweza kusomwa Jumatatu ile, kando ya kitanda, yeye akisikia.

Bwana ampe Mwalimu Tabea pumziko lake. Jibu limemkuta amelala, na aliyelichelewesha ni mdogo wake, asili isisingiziwe.